Harry Watt: Mwongozaji wa Filamu Aliyeujua Uzuri wa Uso wa Mtu wa Kawaida

Leo tunayatazama maisha ya mtu ambaye jina lake huenda halijatajwa mara nyingi hapa Ulemo, ingawa kazi yake iligusa nchi zetu za Afrika Mashariki na kuacha alama isiyofutika kirahisi. Huyo ni Harry Watt, mwandishi wa hadithi za filamu na mwongozaji wa filamu kutoka Uingereza, aliyezaliwa mwaka 1906 na kufariki dunia mwaka 1987. Tumemchagua kwa makusudi. Siku hizi kila mmoja wetu, kuanzia kijana anayechunga mbuzi hadi katekista, anaweza kuwa na kamera mfukoni mwake. Anayetaka kujua uzito wa kuishika sura ya mwenzake mkononi hana budi kujifunza kwa waliotangulia kuifanya kazi hiyo, katika yale waliyofaulu na katika yale waliyopungukiwa.

Kijana asiyejua atakuwa nani

Watt alizaliwa Edinburgh, mji mkuu wa Uskoti. Baba yake aliwahi kuwa mbunge, hivyo mtoto alikulia katika nyumba ya watu wenye nafasi. Alipelekwa Chuo Kikuu cha Edinburgh, lakini hakumaliza masomo yake. Akatoka na kujaribu kazi mbalimbali, zikiwemo za melini, pasipo kutulia katika hata moja. Wazazi wenye watoto wa namna hiyo wanaujua uchungu wake: mtoto ana akili, ana nguvu, lakini hajaona mlango wa kuingilia.

Mlango huo ulifunguka mwanzoni mwa miaka ya 1930, alipopokelewa katika kikosi kidogo cha kutengeneza filamu kilichoongozwa na Mskoti mwenzake, John Grierson. Kikosi hicho kilikuwa chini ya bodi ya serikali iliyoshughulikia masoko ya bidhaa za himaya ya Uingereza. Bodi hiyo ilipovunjwa mwaka 1933, Grierson alihamia na vijana wake katika Shirika la Posta la Uingereza. Wengine watashangaa posta kuwa na watengeneza filamu. Yafaa ikumbukwe kwamba posta ya Uingereza wakati ule ilishika barua, simu, benki ya akiba na mawasiliano ya meli zilizoko baharini. Ilikuwa na mengi ya kuwaeleza wananchi, na Grierson aliamini kwamba sinema ingeyaeleza vizuri kuliko matangazo ya ukutani.

Grierson alikuwa na imani nyingine iliyowashangaza wengi wa kizazi chake. Aliona kwamba mfanyakazi wa kawaida, yule anayeamka alfajiri na kurudi na mikono yenye sugu, anastahili kuwekwa mbele ya kamera kama wafalme na matajiri walivyowekwa. Katika sinema za Uingereza za siku zile, mtumishi au mvuvi alionekana zaidi kama mtu wa kuchekesha. Vijana wa Grierson walikusudia kuubadili mtazamo huo. Kazi yao ikaitwa filamu za hali halisi, yaani filamu zinazochota habari zake katika maisha ya kweli ya watu wa kweli.

Shule ya kisiwani na shule ya treni

Mapema katika utumishi wake, Watt alitumwa kuwa msaidizi wa Robert Flaherty, Mmarekani aliyekuwa akitengeneza filamu katika visiwa vya Aran, magharibi ya Ireland. Filamu hiyo, Man of Aran, ilitoka mwaka 1934 na kusifiwa sana. Inawaonyesha wavuvi maskini wakipambana na mawimbi na kuwinda papa mkubwa kwa mikuki. Lakini uwindaji huo ulikuwa umeachwa visiwani kwa miongo mingi. Wenyeji walifundishwa upya kuufanya, kwa ajili ya kamera. Tangu siku zake za kwanza, basi, Watt aliliona swali ambalo kila anayetengeneza filamu za namna hii hukutana nalo: je, ukipanga jambo ili lionekane vizuri, bado ni kweli?

Mwaka 1936 alilijibu kwa namna yake mwenyewe. Akishirikiana na Basil Wright, alitengeneza Night Mail, filamu fupi isiyozidi nusu saa, inayoifuata treni ya barua ikisafiri usiku kucha kutoka London kwenda Uskoti. Tunawaona wafanyakazi wa posta wakichambua barua ndani ya behewa, mifuko ikinaswa na wavu pembeni mwa reli bila treni kusimama, na asubuhi ikiikuta treni katika vilima vya Uskoti. Mshairi W. H. Auden aliandika shairi la sehemu ya mwisho, na mwanamuziki kijana, Benjamin Britten, akatunga muziki wake.

Wanaonekana katika filamu hiyo ni wafanyakazi wa posta wenyewe, wala si waigizaji. Hata hivyo, ndani ya behewa la kweli haikuwezekana kupiga picha na kurekodi sauti kama ilivyotakiwa. Kwa hiyo behewa la kuigiza lilijengwa studio, na wafanyakazi wakaelekezwa kuyumbayumba kidogo kana kwamba treni inakwenda. Je, huo ulikuwa uongo? Watt na wenzake waliona si uongo, kwa kuwa kazi iliyoonyeshwa ilikuwa ndiyo kazi yenyewe, na mikono iliyoonyeshwa ilikuwa mikono ya wale walioifanya kila usiku. Kupanga mahali pa kusimama ni jambo moja, na kumsingizia mtu asichokuwa ni jambo jingine. Tofauti hiyo ni nyembamba, nasi tunaishi juu yake kila tunapoinua simu kupiga picha.

Mwaka huohuo 1936, Baba Mtakatifu Pius XI alitoa waraka Vigilanti Cura unaohusu sinema, akiwaelekeza maaskofu wa Marekani na Kanisa zima kutoidharau nguvu ya picha hizo juu ya mioyo ya watu, hasa ya vijana. Hatusemi kwamba Watt aliusoma waraka huo. Tunausema wakati tu: ulikuwa wakati ambapo watu wa kila aina walianza kutambua kwamba kile kitambaa cheupe gizani kinafundisha kama mimbari na darasa vinavyofundisha.

Akiba ya mvuvi na akiba ya kibarua

Katika mwaka uleule, Watt aliongoza filamu nyingine, The Saving of Bill Blewitt. Posta ilitaka kuwahimiza watu kuweka fedha katika benki yake ya akiba. Badala ya kutengeneza tangazo kavu, Watt alikwenda katika kijiji cha wavuvi cha Mousehole, kule Cornwall, akamkuta mwenyeji mmoja mcheshi aliyeitwa Bill Blewitt, akaijenga hadithi kumzunguka yeye na majirani zake. Hivyo somo la akiba likawa habari ya mtu mwenye jina, mwenye chombo chake na shida zake.

Kwetu sisi wa Tanzania jambo hili lina pacha wake. Kati ya mwaka 1935 na 1937, Baraza la Kimataifa la Kimisionari, kwa fedha zilizotoka hasa katika Shirika la Carnegie la Marekani, liliendesha jaribio la sinema ya elimu kwa Waafrika. Makao yake yalikuwa Vugiri, katika milima ya Usambara, mkoani Tanga. Aliyesimamia utengenezaji alikuwa Mwingereza, Meja L. A. Notcutt, aliyewahi kufanya kazi katika mashamba ya mkonge, na msimamizi wa elimu alikuwa G. C. Latham. Filamu zao, zilizofikia takriban 35, zilizungushwa kwa gari katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Moja ya zile za mwanzo ilihusu nini? Benki ya akiba ya posta.

Hivyo basi, katika miaka hiyohiyo, mvuvi wa Cornwall na kibarua wa Tanganyika walifundishwa somo lilelile kwa chombo kilekile. Lakini hawakusimama mahali pamoja. Bill Blewitt alipewa jina lake mwenyewe katika filamu, hata katika kichwa chake. Mwafrika wa Vugiri aliigiza kama mfano tu, mtu wa kufundishwa, na waliomfundisha walikuwa wamekwisha kuamua kwamba hawezi kuelewa ila hadithi nyepesi zinazokwenda polepole. Tofauti hii tuiweke akilini, kwa maana tutakutana nayo tena mbele.

Bahari na vita

Mwaka 1938 Watt alitoa North Sea, iliyowahusu wavuvi wa Aberdeen ambao meli yao inapigwa na dhoruba na kutafuta msaada kwa redio kupitia kituo cha Wick. Wavuvi walioonekana ndani yake walikuwa wavuvi kweli. Hapo ndipo ufundi wa Watt ulipokomaa. Alijua kumtuliza mtu asiyewahi kuigiza, akamsahaulisha chombo kilichokuwa mbele yake, mpaka akafanya na kusema kama afanyavyo nyumbani. Miaka mingi baadaye, mwaka 1974, alipotoa kitabu cha kumbukumbu za maisha yake, alikipa jina Don't Look at the Camera, yaani usiitazame kamera. Ndilo agizo alilowapa watu wa kawaida maisha yake yote.

Vita Kuu ya Pili ilipoanza mwaka 1939, kikosi cha posta kiligeuzwa kuitumikia nchi vitani. Mwaka 1940 Watt na Humphrey Jennings walitengeneza London Can Take It!, filamu ya dakika chache iliyoonyesha jinsi wakazi wa London walivyoendelea kuishi chini ya mabomu ya Wajerumani. Maelezo yake yalitolewa na mwandishi wa habari wa Marekani, Quentin Reynolds, kwa kuwa lengo lilikuwa kuwafikia Wamarekani ambao hawakuwa wameingia vitani bado.

Mwaka 1941 ikaja filamu iliyompa sifa kubwa, Target for Tonight. Inawafuata marubani wa ndege ya kurusha mabomu wanavyopewa maelekezo, wanavyoruka usiku kwenda Ujerumani, na wanavyorudi katika ukungu ndege yao ikiwa imejeruhiwa. Watt ndiye aliyeandika na kuongoza. Hakuna mwigizaji hata mmoja ndani yake. Wote walikuwa wanajeshi wa anga waliokuwa kazini. Filamu hiyo ilipewa tuzo ya heshima ya Oscar huko Marekani.

Rubani mkuu katika filamu hiyo, Percy Pickard, aliuawa Februari 1944 ndege yake ilipoangushwa Ufaransa, karibu na Amiens, na wengine wa kikosi chake nao walipotea vitani. Filamu ikabaki, wao wakaenda. Tunalisimama kidogo jambo hili. Anayeipiga picha sura ya mtu leo hajui kama kesho picha hiyo ndiyo itakayobaki kwa mjane na yatima. Sisi tunaokwenda misibani tunalifahamu. Mara ngapi familia imezunguka kijiji kizima ikitafuta picha moja tu ya marehemu, iwe ya kubandika juu ya jeneza?

Kutoka studio hadi malisho ya mbali

Mwaka 1942 Watt alijiunga na studio za Ealing, magharibi ya London, zilizoongozwa na Michael Balcon. Sasa aliingia katika filamu za hadithi, lakini tabia yake hakuiacha: alipenda kutoka nje, mbali na mapazia ya studio. Aliandika na kuongoza Nine Men, iliyotoka mwaka 1943, kuhusu askari tisa waliozingirwa katika jangwa la Afrika Kaskazini. Jangwa lenyewe lilikuwa mchanga wa pwani ya Margam, kusini mwa Wales. Mwaka 1944 alijaribu kichekesho cha nyimbo, Fiddlers Three, ambacho hakikumfaa. Kila mtu ana karama yake, na ya Watt haikuwa huko.

Kisha Balcon alimtuma Australia. Watt aliitembelea nchi hiyo kubwa akitafuta hadithi, akaipata katika tukio la kweli. Mwaka 1942, Wajapani walipohofiwa kuvamia kaskazini, wachungaji waliswaga ng'ombe wengi kwa umbali mrefu kuwaepusha na adui. Akaandika na kuongoza The Overlanders, iliyotoka mwaka 1946, mwigizaji mkuu akiwa Chips Rafferty. Wasomaji wetu wanaojua maana ya kuhamisha mifugo wakati wa kiangazi, maji yakiwa siku tatu mbele na ndama wakianguka njiani, wangeielewa filamu hiyo bila mkalimani. Ilipendwa Australia na Uingereza pia.

Mwaka 1949 alitoa filamu ya pili ya Australia, Eureka Stockade, juu ya wachimba dhahabu walioasi huko Ballarat mwaka 1854 kwa sababu ya leseni ghali na manyanyaso ya maofisa. Sisi wa Iramba, ambao habari za dhahabu ya Sekenke tumezirithi tangu enzi za Wajerumani, tunafahamu kwamba penye dhahabu hapakosi mwenye jasho na mwenye mizani. Filamu hiyo haikufaulu kama ile ya kwanza. Watt akaanza kutazama upande mwingine wa dunia, akaitazama Afrika.

Chini ya Mlima Kilimanjaro

Huko Kenya palikuwa na mtu aliyeitwa Mervyn Cowie, aliyepigania kwa miaka mingi kuanzishwa kwa hifadhi za taifa za wanyamapori. Mwaka 1946 Hifadhi ya Taifa ya Nairobi ilifunguliwa, ya kwanza katika Afrika Mashariki, naye Cowie akawa mkurugenzi wa hifadhi za Kenya. Kutokana na habari zake, Watt alitunga hadithi ya mhifadhi anayeitwa Bob Payton, ambaye amechoshwa na mauaji ya wanyama na kuamua kuanzisha hifadhi, akimchukua mkewe na mwanawe mdogo kuishi nao porini. Adui zake ni majangili wa pembe za ndovu, na nyuma yao mfanyabiashara mzungu anayefaidika gizani.

Kundi la watengeneza filamu likaenda Amboseli, chini ya Mlima Kilimanjaro, likapiga picha za rangi za tembo, vifaru na simba katika ardhi yao wenyewe. Filamu ikaitwa Where No Vultures Fly, jina linalomaanisha mahali wasikoruka tumbusi. Anthony Steel alikuwa Payton na Dinah Sheridan mkewe. Mwaka 1951 ndiyo iliyochaguliwa kuonyeshwa katika hafla ya kifalme ya sinema huko London, na ikawa miongoni mwa filamu za Kiingereza zilizotazamwa sana wakati wake.

Ndiyo miaka ambayo Afrika Mashariki ilijaa kamera za wageni. King Solomon's Mines ilitoka mwaka 1950, The African Queen mwaka 1951, Mogambo mwaka 1953. Tukilinganisha, Watt aliyafanya mambo kwa haki kuliko wengi. Hakumtukuza mwindaji, alimtukuza mlinzi. Wakati ambapo kumuua tembo kulihesabiwa ushujaa, aliwaambia mamilioni ya watu kwamba kumwacha hai ni ushujaa mkubwa zaidi. Sisi wa mkoa wa Singida, ambao tuna mapori ya akiba ya Rungwa, Kizigo na Muhesi upande wa Manyoni, tunapaswa kumshukuru kila aliyelisema neno hilo mapema, kwa maana uumbaji ni amana tuliyokabidhiwa, wala si mali ya kuteketezwa na kizazi kimoja.

Lakini ukweli una upande wa pili, nasi hatuna haki ya kuuficha. Ardhi iliyowekwa kuwa hifadhi ilikuwa na watu. Amboseli, Nairobi na baadaye Serengeti yalikuwa malisho ya Wamaasai, na mwaka 1959 waliokuwa wakiishi Serengeti walihamishwa kwenda Ngorongoro. Katika filamu ya Watt, swali la hifadhi linaamuliwa kati ya Wazungu: Mzungu mwema anashindana na Mzungu mwovu. Mwafrika yumo, lakini ni msaidizi mwaminifu, au jangili aliyedanganywa, au uso mzuri kando ya mlima. Tena nafasi kubwa ya Mwafrika, ile ya M'Kwongi, alipewa Orlando Martins, mwigizaji hodari kutoka Nigeria. Wahenga wetu walilijua hili: asiyekuwepo na lake halipo.

Magharibi ya Zanzibar

Mwaka 1954 Watt alitoa mwendelezo wa hadithi hiyo, West of Zanzibar. Payton anarudi, safari hii akifuata njia ya pembe za magendo kutoka bara hadi majahazi ya mwambao. Hadithi inaanza na jamii ya Waafrika ambao ardhi yao imechakaa kwa ukame na mmomonyoko wa udongo, wakalazimika kuhama kuelekea pwani, ambako vijana wao wananaswa na fedha ya haraka ya pembe. Chifu wao aliigizwa na Edric Connor, mwimbaji na mwigizaji kutoka Trinidad.

Msomaji wetu atatambua kwamba habari hiyo ni ya kweli kabisa. Nani kati yetu hajaona kijana akiacha jembe baada ya mvua kukosekana miaka miwili, akaenda mjini, na huko akapokelewa na wale wanaomngoja kijana mwenye njaa? Watt alikiona kidonda. Dawa yake ndiyo iliyopungua. Katika filamu, kijana huyo huonekana kama mtoto anayehitaji Mzungu mwema wa kumrudisha njiani, na mji huonekana kama mahali ambapo Mwafrika hana budi kuharibika. Haulizwi ni nani aliyeigawa ardhi, wala kwa nini wengi walibanwa katika udongo uliochoka. Na yote haya yalionyeshwa wakati Kenya iko katika hali ya hatari iliyotangazwa Oktoba 1952, watu wakifa na maelfu wakiwekwa kizuizini, chanzo kikuu kikiwa ardhi hiyohiyo.

Hapa ndipo maisha ya Watt yanapotuuma, kwa sababu hakuwa mtu mwovu. Alikuwa yuleyule aliyemwona mchambua barua wa usiku kuwa shujaa. Alikuwa yuleyule aliyempa Bill Blewitt jina lake. Aliyajua hayo kwa watu wa nchi yake, tena kuliko wengi. Alipofika kwetu, jicho lilelile lililoona vizuri sana Cornwall na Aberdeen liliona nusu. Kwao aliishi na watu mpaka wakaisahau kamera. Kwetu alikuja na hadithi iliyokwisha kuandikwa, na watu wakaingizwa ndani yake kama miti na milima.

Machweo

Baada ya filamu hiyo, Watt alifanya kazi kwa muda katika televisheni, kisha akarudi kwa Balcon na kwenda tena Australia. Huko aliongoza The Siege of Pinchgut, iliyopigwa katika bandari ya Sydney na kutoka mwaka 1959. Ndiyo filamu ya mwisho iliyotengenezwa kwa jina la Ealing. Dunia ya sinema ilikuwa imebadilika, televisheni imeingia majumbani, na studio zile za zamani zikafungwa moja baada ya nyingine. Watt alistaafu, akaandika kumbukumbu zake, na mwaka 1987 akafariki dunia akiwa na umri wa miaka 80.

Tunajifunza nini?

Wapendwa, hatukuyasimulia haya ili kumhukumu mtu aliyekwisha kufika mbele ya Hakimu wa haki. Tumeyasimulia kwa sababu kamera iliyokuwa mikononi mwa Watt sasa iko mikononi mwetu. Wazee wetu waliokaa chini usiku kutazama sinema ya gari walikuwa watazamaji tu. Vijana wanaojaa katika vibanda vya video, wakisikiliza mtafsiri akiwaeleza kwa Kiswahili filamu za mbali, nao bado ni watazamaji. Lakini yuleyule kijana, akitoka kibandani, anaweza kumpiga picha bibi aliyeanguka sokoni, au mlevi aliyelala kando ya njia, au binti anayelia msibani, na kabla ya jua kutua watu wa mikoa mingine wameona na kucheka. Hakuna aliyemwambia bibi yule asitazame kamera. Hakujua hata kama ipo.

Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati Inter Mirifica ya tarehe 4 Desemba 1963, ulizitambua njia hizi za mawasiliano kuwa zawadi zinazoweza kumjenga mwanadamu au kumbomoa. Maisha ya Watt yanatuonyesha jinsi mtu mmoja anavyoweza kufanya yote mawili kwa mkono uleule, bila kukusudia ubaya. Alijenga kila alipoketi na watu, akajua majina yao, akajifunza kazi yao. Alipungukiwa kila alipowatazama kutoka mbali na kudhani ameona.

Basi tujiulize kabla ya kubonyeza: huyu ninayempiga picha namjua jina? Amekubali? Picha hii ikibaki peke yake baada ya kifo chake, kama ilivyobaki ile ya Pickard, wanawe wataipokea kwa shukrani au kwa aibu? Tena tuwatie moyo vijana wetu wenye kipaji wasimulie habari za Iramba wao wenyewe: mkulima wa alizeti anayehesabu magunia baada ya mavuno, mama anayeamka usiku kuwahi foleni ya kisima, mzee anayeyajua majina ya vilima vyote. Kwa miaka mingi habari hizo zimesimuliwa na wageni, wengine wakiwa na nia njema kama Watt. Nia njema pekee haikutosha. Anayeishi na watu ndiye mwenye nafasi ya kuwasimulia kwa haki, mradi awapende kwanza.

Roho ya Harry Watt, na roho za wale wote waliobaki katika filamu zake bila majina yao kuandikwa, zipumzike kwa amani. Amina.